Nyama Kavu Ndani ya Mchuzi

Bakuli la nyama lilirudi jikoni likiwa limejaa karibu kama lilivyotoka. Ilikuwa Jumapili, tumealikwa kwa kaka yangu, Dar es Salaam, na aliyepika ni wifi yangu, ambaye ni nesi na asubuhi hiyohiyo alikuwa ametoka zamu ya usiku. Jumamosi jioni, kabla ya kwenda kazini, alikata kilo mbili za steki, akazipanga kwenye chungu chake cha umeme pamoja na vitunguu, nyanya, tangawizi na kitunguu saumu, akamimina vikombe vitatu vya maji, akafunika, akageuza swichi upande wa moto mdogo, akaondoka. Aliporudi saa 2 asubuhi, nyama ilikuwa imekaa motoni kwa zaidi ya saa 13.

Harufu ilikuwa nzuri, tuliipokea tangu mlangoni. Mchuzi ulikuwa mwingi na mwekundu. Lakini nyama, ikishatiwa mdomoni, ilichambuka nyuzinyuzi na kukauka palepale kama makumbi ya nazi. Ilikuwa imelala ndani ya mchuzi usiku kucha, na bado ilikuwa kavu.

Kwa asiyekijua, chungu cha umeme ni chungu kweli: kauri nzito iliyokaa ndani ya ganda la chuma, nyaya za joto zimezungushwa ubavuni, juu kuna mfuniko wa kioo. Hutumia wati 200 hivi, na huchukua saa kadhaa kulifikia joto la karibu na kuchemka. Moto mdogo na moto mkubwa huishia karibu mahali pamoja. Tofauti yake ni mwendo wa kufika.

Mezani tulikuwa sita. Kaka yangu na mkewe. Shangazi yetu, mpishi wa shughuli kutoka Tanga, ambaye ameshika mwiko wa harusi na hitima kwa zaidi ya miaka 30. Jirani yao mwenye bucha, mzee ambaye ndiye aliyeiuza ile steki. Mpwa wangu, mwanafunzi wa uhandisi wa umeme. Na mimi. Naandika yaliyosemwa kwa kadiri ninavyoyakumbuka, na nitaingilia ninapoona pana haja, kwa sababu nina upande wangu katika suala hili.

SHANGAZI: Mwanangu, nisikilize bila kuudhika. Nyama hii haikuona moto. Mimi yangu huitokosa kwanza kwa chumvi, ndimu na tangawizi, ikanywa maji yake yote, ndipo niikaange, ndipo niitie viungo. Kila hatua naiona, naibonyeza kwa mwiko. Wewe umekifungia chakula ukaenda zako. Usiku kucha nani alikuwa akikitazama?

WIFI: Hakuna, Shangazi. Ndiyo sababu nilikinunua. Nikiwa zamu ya usiku natoka hapa saa 12 na nusu jioni, narudi saa 2 asubuhi, nalala, naamka mchana watu wanataka kula. Nikipika nyama ya mkaa nisimame nayo saa tatu, nitalala saa ngapi? Wagonjwa wangu wanataka mtu mwenye macho.

SHANGAZI: Sikukulaumu kwa kufanya kazi. Nalaumu hicho chombo. Kimetengenezewa watu wasiopenda jiko.

Hapo niliingia, kwa sababu habari ya chombo hiki naijua na haifanani na dhana hiyo. Chungu cha umeme hakikuzaliwa kwa uvivu. Kilizaliwa kwa ibada. Aliyekibuni ni Irving Naxon wa Marekani, aliyeishi Chicago, mtoto wa familia ya Kiyahudi. Mama yake alikulia Lithuania, na alimsimulia mwanawe jinsi walivyokuwa wakipika chakula kinachoitwa cholent. Sheria ya dini yao inakataza kuwasha moto na kupika siku ya Sabato, ambayo huanza Ijumaa jua linapozama. Kwa hiyo Ijumaa, kabla ya magharibi, walipeleka chungu cha maharage, nyama na mboga za mizizi kwenye tanuri la mwoka mikate. Tanuri lilikuwa limezimwa lakini kuta zake zilibaki na joto, na joto hilo lililokuwa likipungua polepole ndilo lililoivisha chakula hadi kesho yake. Naxon alitaka kupata joto la namna hiyo juu ya meza ya jikoni. Aliomba hataza mwaka 1936, akaipata mwaka 1940. Mwaka 1970 kampuni ya Rival ya Kansas City iliinunua biashara yake, na mwaka uliofuata chungu kikaingia sokoni kwa jina la Crock-Pot. Wanawake wengi wa Marekani walikuwa wakitoka kwenda kazini miaka hiyo, na kikauzwa kwa mamilioni.

Shangazi alisikiliza hadi mwisho. Nampenda kwa hilo.

SHANGAZI: Basi hao walikuwa wakipika bokoboko.

WIFI: Vipi?

SHANGAZI: Ngano na nyama, usiku wa kuamkia Idi. Unaiinjika jioni, moto ukishashika unaupunguza, unabakisha makaa machache chini na machache juu ya mfuniko, unaliacha jungu linapumua lenyewe mpaka alfajiri. Hata sisi tulilala. Hakuna aliyekesha akilitazama bokoboko.

WIFI: Sasa Shangazi, si ndicho nilichofanya mimi?

SHANGAZI: Sicho. Bokoboko natafuta nyama ipotee. Inapondwa na ngano mpaka huijui ngano ni ipi na nyama ni ipi. Mchuzi nataka kipande kisimame, nikikibonyeza kiniitikie. Chako hakikupotea wala hakikusimama.

Neno hilo la Shangazi lilikuwa sahihi kuliko yote yaliyosemwa kabla yake, ingawa yeye mwenyewe hakulifuata mpaka mwisho. Wapishi wa pwani, na ndugu zetu wa Oman wanaoizika nyama ya shuwa shimoni kwa siku nzima au mbili wakati wa Idi, wanajua moto wa pole tangu zamani. Kupalia makaa juu ya mfuniko ni elimu hiyohiyo: joto lizunguke, lisipige. Wifi yangu hakuwa ameleta ugeni jikoni. Kosa lilikuwa kwingine, na aliyelijua ni mzee wa bucha, ambaye mpaka wakati huo alikuwa akitafuna kipande kimoja kwa uvumilivu mkubwa.

MZEE WA BUCHA: Nesi wangu, Jumamosi uliponijia ulisemaje?

WIFI: Nilisema nipe steki kilo mbili, laini.

MZEE WA BUCHA: Nami nikakupa steki, na ilikuwa laini. Nilikukatia paja la nyuma, nyekundu tupu, haina ukano, haina mafuta. Wateja wangu wote wanaitaka hiyo. Lakini hukuniambia unaipikaje. Ungesema inalala motoni usiku kucha nisingekupa ile. Ningekupa muundi, au shingo, au kidari.

WIFI: Nyama ya mifupa? Mzee, hiyo si ndiyo ngumu?

MZEE WA BUCHA: Ndiyo ngumu. Ndiyo unayoitaka.

Meza ilinyamaza kidogo. Nataka kukaa hapa, kwa sababu ndipo roho ya jambo lote ilipo.

Neno steki tumelipokea kutoka Kiingereza, na huko maana yake ni kipande kinene cha nyama, mara nyingi cha kuchoma haraka juu ya moto mkali. Lilipofika kwenye bucha zetu lilibadilika. Muuzaji anapouliza, "Steki au mchanganyiko?" anauliza kama unataka nyama tupu au nyama na mifupa. Hakuna anayetaja kiungo. Neno moja linafunika sarara, paja, bega, hata nyama iliyochongwa kwenye mbavu, ilmradi mfupa umetoka. Tunalipa bei ya juu kwa kutoona mfupa, kisha tunakwenda nyumbani bila kujua tumebeba sehemu gani ya ng'ombe. Mimi mwenyewe nimenunua nyama namna hiyo miaka mingi.

Na sehemu ndiyo kila kitu. Msuli unaofanya kazi kidogo, kama sarara iliyolala kando ya uti wa mgongo kwa ndani, una nyuzi nyororo na kano chache. Msuli unaomsimamisha ng'ombe na kumtembeza, kama muundi, umefungwafungwa na ngozi nyeupe na kano ambazo kiini chake ni protini iitwayo kolajeni. Vitu hivi viwili havilainiki kwa njia moja. Nyuzi za nyama zikipashwa joto hujikunja. Zikifika nyuzi 60 za Selsiasi na kuendelea, hujikamua kama kitambaa kinachosongolewa, maji yakatoka. Kadiri joto linavyopanda ndivyo zinavyokamuka zaidi. Kolajeni nayo, ikikaa saa nyingi kwenye joto la juu ya nyuzi 70 ikiwa na unyevu, huyeyuka ikawa jelatini, ule utelezi unaobaki midomoni ukinywa supu ya makongoro, ule unaoufanya mchuzi ugande kama utando ukipoa.

Sasa mtazame mpishi wa muundi na mpishi wa paja, wote wakiwa na chungu kimoja. Baada ya saa 9 nyama zote mbili zimekamuka. Lakini ya muundi imepata jelatini kati ya nyuzi zake, kano zilizokuwa kamba zimekuwa ute, na kila tonge linateleza. Ya paja haikuwa na kano za kutosha kuyeyuka. Imepoteza maji yake na haikupewa kitu badala yake. Mchuzi ulioizunguka hausaidii, kwa kuwa nyuzi zilizokwisha kujikaza hazinywi tena. Ndiyo maana nyama inaweza kukauka ikiwa ndani ya mchuzi. Na ndiyo maana saa 13 hazikuisaidia kuliko saa 6. Zilizidi kuiumiza.

WIFI: Kwa hiyo nimelipa zaidi kwa kitu kisichofaa.

MZEE WA BUCHA: Kinafaa. Ile ungeikata nyembamba, kinyume cha nyuzi, ukaitupa kwenye kikaango cha moto kwa dakika chache, ungenisifu. Au mishkaki.

SHANGAZI: Mishkaki ningeitia papai bichi.

WIFI: Na hapa je? Ningetia papai bichi usiku ule si ingelainika?

SHANGAZI: Ingelainika, kwa nini isilainike?

Hapo Shangazi hakuwa sahihi. Maziwa ya papai bichi yana kimeng'enya kiitwacho papaini, kinachokata protini za nyama vipandevipande. Kwenye mishkaki kinafanya kazi muda mfupi, kisha moto mkali wa mkaa unakiua. Chungu cha umeme hakikiui upesi. Kinapanda joto taratibu, na nyama hupitia kwa muda mrefu lile joto la nyuzi 50 hadi 70 ambalo papaini hulipenda kuliko lolote. Matokeo yake si nyama laini. Ni nyama iliyopondeka juu, inayoshikwa na kijiko kama uji, na katikati bado kavu. Papai lina mahali pake, na mahali pake ni penye moto wa haraka.

MZEE WA BUCHA: Liko jambo lingine, nalo si la nesi wala la chungu. Ni letu sote. Ng'ombe wetu wengi wametembea. Unampata mnadani Pugu, ametoka Shinyanga, ametoka Dodoma, ni ng'ombe wa asili mwenye nundu, amekomaa, amekula nyasi maisha yake yote. Nyama yake ina ladha, siibadilishi na ya mtu, lakini kano zake zimekomaa kama yeye. Halafu anachinjwa usiku, alfajiri yuko buchani, mchana yuko sufuriani. Nyama haijapumzika.

MPWA: Kupumzika ndiyo nini, mzee?

MZEE WA BUCHA: Ng'ombe akishachinjwa mwili unakakamaa. Hiyo ya asubuhi unayoisifu kuwa mbichi, ndiyo wakati wake wa kukakamaa. Ukiiacha kwenye baridi siku mbili tatu inalegea yenyewe.

Mzee hakusema uongo. Ulaya na Marekani nyama ya ng'ombe hutundikwa kwenye vyumba vya baridi, karibu na nyuzi sifuri, siku kadhaa hadi wiki mbili tatu, na vimeng'enya vilivyomo ndani ya msuli wenyewe huendelea kuzilegeza nyuzi. Sisi tunaisifu nyama ya moto, iliyochinjwa leo, na tuna sababu: pasipo baridi ya uhakika, nyama mbichi ndiyo nyama salama. Simlaumu bibi yangu aliyetaka kuona nyama bado inatetemeka. Lakini mwenye friji nyumbani anaweza kuifunika nyama yake vizuri, akaiweka chini kabisa, akaisubiri siku mbili. Hailipiwi chochote, na kwa maoni yangu inasaidia kuliko unga wowote wa kulainisha nyama unaouzwa madukani.

Mpwa wangu alikuwa na hoja yake ya kiufundi, na aliileta kwa haraka ya kijana aliyepiga hesabu njiani.

MPWA: Tuseme ukweli, mwenye presha kuka ya umeme hahitaji chungu hiki. Wati 200 mara saa 13 ni uniti 2.6. Presha kuka hata ikiwa ya wati 1,000, haili umeme muda wote. Ikishashika presha inajizima na kuwaka kidogokidogo. Ndani yake maji yanapita nyuzi 110 kabla ya kuchemka, kwa hiyo hata muundi unaiva ndani ya saa moja. Na inajizima yenyewe, mpishi anaweza kwenda kazini.

WIFI: Kwa umeme umenishinda. Sina la kujibu.

Wala mimi sina. Nchi yenyewe imeshasema inataka asilimia 80 ya Watanzania wapike kwa nishati safi ifikapo mwaka 2034, na katika safari hiyo sufuria la presha lina nafasi kubwa kuliko chungu hiki. Anayenunua kifaa kimoja tu anunue hilo. Ninachokitetea ni kidogo kuliko hapo: kwamba kwa yule ambaye tayari anacho, na ambaye maisha yake yamegawanyika kwa zamu, chungu cha pole ni chombo cha heshima kikipewa nyama inayokistahili.

Swali lililonigusa zaidi lilitoka kwa Shangazi, na safari hii hakulielekeza kwa chombo.

SHANGAZI: Umeme ukikatika usiku wa manane?

WIFI: Hilo ndilo ninaloliogopa, Shangazi, kuliko nyama kukauka. Chakula kikikaa kati ya nyuzi 5 na 60 ndipo vijidudu vinapozaliana. Joto la Dar es Salaam peke yake ni nyuzi 30. Sasa fikiria umeme umekatika saa 6 usiku, nyama imepoa ikawa vuguvugu, umerudi saa 10 alfajiri. Mimi nikifika saa 2 naikuta inachemka, inanukia, sijui lolote.

SHANGAZI: Lakini si imechemka tena? Vijidudu vimekufa.

WIFI: Vimekufa, lakini baadhi yake vimeshaacha sumu, na sumu nyingine haiondoki kwa kuchemsha. Nimewapokea watu waliokula chakula cha namna hiyo. Ndiyo maana nimeweka ile saa ya umeme kando ya chungu, isiyo na betri. Nikirudi nikaikuta inawaka sifuri, najua.

SHANGAZI: Ukijua unafanyaje?

WIFI: Namwaga.

SHANGAZI: Kilo mbili za nyama?

WIFI: Kilo mbili za nyama.

Shangazi aliitazama ile saa ndogo ya kijani pale jikoni kwa muda. Mtu aliyepikia hadhara ya watu 300, akajua kwamba mmoja akiugua jina lake linakwisha mjini, hakuhitaji kuelezwa zaidi. Wifi aliongeza mawili ambayo nayaweka hapa kwa sababu yanaokoa watu. Nyama iliyoganda kwa barafu isitiwe kwenye chungu hiki hata siku moja. Iyeyuke kwanza kwenye friji, la sivyo itakaa saa nyingi katika lile joto la hatari. Na maharage mekundu yachemshwe kwanza kwa nguvu kwenye sufuria la kawaida, dakika 10 kamili, maji ya kuloweka yakiwa yameshamwagwa. Maharage hayo yana sumu ya asili ambayo joto la pole haliivunji, na yasipoiva sawasawa hutapisha watu ndani ya saa chache. Inanishangaza kila nikikumbuka kwamba chombo cha Naxon kwanza kiliuzwa kama chungu cha maharage.

Tukakubaliana kujaribu tena Jumapili iliyofuata. Mzee wa bucha alisema nyama ataitoa yeye. Ndipo nikauliza swali ambalo lilikuwa likinisumbua tangu mwanzo: usiku ule wa saa 13, kaka yangu alikuwa wapi?

Alikuwa amelala chumba cha pili. Simtaji kwa kumtahayarisha, aliniruhusu niandike. Katika mazungumzo yote ya nani atazame chungu, nani asimame na sufuria, nani akose usingizi, hakuna hata mmoja wetu, pamoja na mimi, aliyemtazama mwanamume mzima aliyekuwa na mikono miwili hatua kumi kutoka jikoni. Chombo kilinunuliwa ili kimpumzishe mwanamke mmoja, na tukakijadili saa mbili kama kwamba ndani ya nyumba hakuna mtu mwingine.

KAKA: Niambieni cha kufanya, nitafanya.

Jumamosi ile, wifi alipokwenda kazini, nyama ilikuwa kwenye friji tangu Alhamisi. Muundi wa kilo mbili, umekatwa mapande manene na mfupa wake, uboho unaonekana katikati. Saa 4 na nusu usiku kaka yangu alinipigia simu. Nikamwambia aifute nyama maji kwa kitambaa kisafi, aikaange kwa mafuta kidogo sana kwenye kikaango cha moto mpaka kila upande uwe wa kahawia. Hapo Shangazi alikuwa na haki tangu mwanzo: nyama kweli haikuwa imeona moto. Ile rangi na harufu ya kukaanga hutokea nyama ikipita nyuzi 140 hivi, na ndani ya chungu chenye maji joto halipiti 100. Usipokaanga kabla, hutaipata baadaye. Kisha vitunguu kwenye kikaango hichohicho, nyanya, tangawizi, kitunguu saumu, bizari. Akauliza maji vikombe vingapi. Nikamwambia nusu kikombe.

"Nusu? Itaungua."

Haikuungua. Kwenye mkaa tunatia maji mengi kwa sababu mengi yanapaa. Chungu hiki kimefunikwa, mvuke unagonga kioo na kurudi, na nyama yenyewe inatoa maji yake. Vile vikombe vitatu vya wiki iliyotangulia ndivyo vilivyoufanya mchuzi uwe mwepesi. Nikamsisitizia asifunue kutazama, maana kila kufunua kunapoteza joto ambalo chungu kinachukua karibu nusu saa kulirudisha. Saa 5 usiku akawasha, akalala. Saa 2 asubuhi mkewe alifika, akaitazama saa ya kijani kwanza, kisha akazima. Zilikuwa saa 9. Tui zito la nazi lilitiwa mchana wakati wa kupasha, dakika za mwisho, kwa kuwa likikaa motoni usiku kucha hukatika.

Rojo lilikuwa zito, linashika kijiko. Nyama iliachana na mfupa kwa kuguswa, lakini kipande kilibaki kipande, na zile kano nyeupe ambazo wifi yangu angezikata na kuzitupa zilikuwa zimegeuka kitu kinachong'aa, laini kama ndani ya dafu. Mzee wa bucha hakusema neno. Alijaza sahani mara ya pili. Shangazi alikibonyeza kipande kwa mgongo wa kijiko, akangoja, akakibonyeza tena. Akasema chumvi imechelewa kutiwa. Akasema pilipili manga ingekuwa nzima, si ya unga. Akauchukua mfupa, akaugonga kwenye ukingo wa sahani, akaufyonza uboho mpaka ukaisha, akaufuta mkono.

Kisha akamgeukia wifi yangu.

SHANGAZI: Zamu yako nyingine ya usiku ni lini?

WIFI: Alhamisi, Shangazi.

SHANGAZI: Nitaleta ngano Jumatano, ilowekwe. Na huyu mumeo asilale mapema.